Acha Nje Ikuite

Msikilizaji wangu, kama uko jikoni unasonga ugali, kama umekwama kwenye foleni ya Ubungo, kama umekaa barazani unasubiri joto lipungue, karibu tukae pamoja kwa dakika chache. Leo nataka tuzungumze juu ya kitu ambacho kila mmoja wetu anacho, anakitumia kutwa nzima, na jioni anakikuta kimechoka: umakini wake. Tutauliza umakini huo unachokaje, na kwa nini ukitoka nje ya kuta nne unaweza kurudi ukiwa mpya.

Nianze na mvua. Unaijua ile mvua ya kwanza ya vuli? Miezi imepita bila tone, vumbi limelala juu ya majani ya mwembe, halafu alasiri moja upepo unageuka na harufu ya udongo inakufikia kabla tone lenyewe halijadondoka. Mara ya mwisho ulipoisikia, ulifanya nini? Nadhani uliinua kichwa. Ulikatisha ulichokuwa ukisema. Labda ulimwambia mwenzako, "Mvua hiyo, anua nguo." Hakuna aliyekuamuru uinue kichwa. Uliitwa.

Harufu ile ina asili yake. Udongoni wamo bakteria wanaotengeneza kemikali iitwayo jiosmini. Mvua inapopiga ardhi kavu, jiosmini hurushwa hewani pamoja na mafuta ya mimea yaliyojikusanya kwenye mawe na udongo wakati wa kiangazi. Mwaka 1964 wanakemia wawili wa Australia, Isabel Bear na Richard Thomas, waliiandika habari ya harufu hiyo katika jarida la Nature. Na pua ya binadamu, ambayo kwa mambo mengi inashindwa mbali na pua ya mbwa, kwa jiosmini ni hodari ajabu: inaitambua hata ikiwa sehemu chache tu ndani ya trilioni. Kwa hiyo unapoinua kichwa, mwili wako unafanya kazi ambayo umeandaliwa kuifanya.

Sasa nisikilize vizuri hapa, maana hili ndilo shina la mazungumzo yetu. Umakini wetu ni wa namna mbili. Upo umakini unaouamrisha, na upo umakini unaoitwa. Narudia: upo unaouamrisha, na upo unaoitwa.

Ule wa kuamrisha unaujua. Mtoto wa kidato cha nne anasoma kemia usiku huku jirani kafungulia muziki. Mama wa duka anapiga hesabu za mkopo na wateja wamejaa dirishani. Mwalimu anasahihisha madaftari ya darasa zima. Kila mmoja anajilazimisha kutazama kitu kimoja na kuvifukuza vingine vyote. Kazi hiyo ya kufukuza ndiyo inayochosha. Ikifika jioni unasoma mstari uleule mara tatu, unamkaripia mtoto bila sababu, unafungua friji na kusahau ulifuata nini.

Ule wa kuitwa haukugharimu hivyo. Kipepeo anapita, jicho linamfuata. Jani linaanguka, unageuka. Mwanasaikolojia wa Marekani, William James, aliutenganisha umakini wa hiari na usio wa hiari tangu mwaka 1890. Karibu miaka mia moja baadaye, mwaka 1989, mke na mume waliofundisha Chuo Kikuu cha Michigan, Rachel na Stephen Kaplan, walitoa kitabu kilicholifikisha wazo hilo mbali zaidi. Walisema umakini wa kuamrisha huchoka, na kwamba njia nzuri ya kuupumzisha ni kuwa mahali ambapo vitu vinakuita kwa upole: mawingu, maji, majani yanayochezacheza. Ule ulioitwa ukiwa kazini, ule ulioamrishwa unapata kulala.

Tujaribu kitu kidogo, hapo hapo ulipo. Nitakutajia tarakimu nne, nawe uzitaje kinyumenyume. Uko tayari? Saba, mbili, tisa, nne. Haya, rudi nyuma. Umepata? Nne, tisa, mbili, saba. Sasa fikiria tarakimu zikiongezeka, ziwe sita, ziwe nane. Mwaka 2008 mtafiti Marc Berman na wenzake, akiwemo Stephen Kaplan mwenyewe, waliwapa watu jaribio la namna hii, wakawatembeza chini kidogo ya saa moja, kisha wakawapima tena. Siku moja mtu alipita katika bustani ya miti ya mji wa Ann Arbor, siku nyingine alipita mitaa yenye magari katikati ya mji huohuo. Waliotoka kwenye miti walizikumbuka tarakimu vizuri zaidi. Waliotoka mitaani hawakupata faida hiyo.

Na kuna jambo moja ndani ya utafiti huo ninalolipenda sana. Wengine walitembea mwezi Januari, katika baridi kali ya kule Michigan, na hawakuyafurahia matembezi hata kidogo. Faida waliipata vilevile. Kwa hiyo si suala la kustarehe tu. Kinachofanyika kichwani kinafanyika hata ukiwa umenuna.

Nini kinafanyika, basi? Hapa inabidi twende Urusi kidogo. Ivan Pavlov, yule mwanasayansi wa mbwa na kengele, alikutana na tatizo: mbwa aliyekwisha kufundishwa vizuri, akija mgeni kumtazama, mbwa anaacha zoezi lake na kumgeukia mgeni. Masikio yamesimama, macho yameganda. Pavlov akakiita kitendo hicho rifleksi ya "nini hiki?" Baadaye, mjini Moscow, mtafiti Evgeny Sokolov akaichunguza kwa binadamu. Alimpigia mtu mlio mmoja, tena, tena, tena. Mara za kwanza mwili mzima unaitikia. Baadaye mwili unanyamaza, umeshauzoea. Lakini ubadilishe mlio kidogo tu, uupunguze sauti au uufupishe, na mwili unaamka upya.

Umewahi kuishi jirani na mashine ya kusaga? Inanguruma tangu asubuhi na wewe huisikii. Halafu umeme unakatika. Hapo ndipo unashtuka na kusema, kumbe ilikuwa ikipiga kelele muda wote huu! Ukimya ndio uliokuita. Maana yake ni kwamba ubongo ulikuwa ukiendelea kubashiri mlio ule kimyakimya, na ubashiri ulipokosea ndipo ukakugutusha.

Ubongo, msikilizaji, unabashiri wakati wote. Chumbani kwako unajua kila kitu kitakavyokuwa: swichi iko hapa, kiti kiko pale, feni inalia hivi. Ubashiri haukosei, kwa hiyo hakuna anayekuita, na wewe unabaki na mawazo yako yaleyale yakizunguka: ada, kodi, maneno ya bosi. Nje ni tofauti. Nje ubashiri unakosea kila dakika, na unakosea kwa mambo madogo yasiyodhuru. Upepo ulikuwa shavu la kulia, sasa uko la kushoto. Kivuli kimeisha. Ndege aliyekuwa akilia amekoma.

Hata miguu inashiriki. Chukua njia ya milimani, ile ya Usambara inayopita kati ya mizizi na mawe yenye utelezi. Mwaka 2018 watafiti Jonathan Matthis na Mary Hayhoe, wakiwa Texas, walichapisha utafiti wa watu waliotembea porini wamevaa vifaa vya kufuatilia macho. Kwenye ardhi tambarare macho yalizurura popote. Kwenye mawe, macho yalishuka na kutangulia miguu kwa sekunde moja na nusu hivi, hatua kwa hatua, bila mtu kujipangia. Jaribu kufikiria deni lako huku kila hatua ni jiwe jipya. Huwezi. Au unaweza kwa sekunde mbili, kisha jiwe linakuita.

Lakini mahali nilipoliona jambo hili kwa macho yangu ni pwani, Unguja, upande wa mashariki, siku za bamvua. Wanaokaa bara niwaeleze: bamvua ni yale maji makubwa ya mwezi mwandamo na mwezi mpevu. Yakijaa yanajaa kweli, na yakipwa, kuelekea saa nne asubuhi, bahari inaondoka kabisa na kuuacha mwamba mtupu. Hapo kina mama wanashuka na ndoo na vijiti vya chuma kutafuta pweza. Nilimfuata bibi mmoja, akanikubalia kwa sharti nikanyage alipokanyaga yeye.

Pweza, kama hujawahi kumwona akiwa hai, ana ngozi inayobadilika rangi kwa kupepesa jicho. Anakuwa mwamba, anakuwa mwani, anakuwa mchanga. Mimi nilikodoa macho kumtafuta pweza na sikumwona hata mmoja. Yule bibi hakuwa akimtafuta pweza. Alikuwa anatembea polepole, macho yamelegea, na kila mara alisimama penye kitu ambacho hakikukaa sawa: vipande vya makaka ya kaa na kombe vimerundikana nje ya tundu, vijiwe vimepangika mlangoni mithili ya mtu aliyefunga duka lake. Aliinama, akaingiza kijiti taratibu, na mnyiri mmoja ukatoka kukishika. Nilipomuuliza anajuaje, alinieleza kwamba ukijilazimisha kutazama, mwamba wote unafanana. Inabidi uuache mwamba wenyewe ukwambie pana nini. Miguu yake nayo ilikuwa inasikiliza, maana maji yanaporudi huanza kuguswa na kisigino kabla hayajaonekana na macho. Aliyasikia yamegeuka, akaniambia, "Mwanangu, twende," na mimi bado nilikuwa naona bahari iko mbali.

Umeona pale? Yule bibi yuko macho kuliko mimi, na bado hajajikaza. Hiyo ndiyo hali ninayoizungumzia. Kuitwa ni tofauti na kupumbaa. Aliyeitwa anasikia zaidi, anaona zaidi, anajua alipo.

Najua msikilizaji mmoja anasema hivi sasa: "Lakini Kariakoo nako hakutabiriki! Bodaboda inatokea ubavuni, konda anakuvuta mkono, mkokoteni unakupigia kelele upishe. Mbona nikirudi kutoka Kariakoo nimekwisha?" Swali zuri, tena la haki. Na ndiyo maana waliopita mitaani kule Ann Arbor hawakufaidika. Mtaa wenye magari unakuita, ndiyo, ila kila wito unadai jibu papo hapo. Ruka. Pisha. Shika mkoba. Kataa. Umakini wa kuamrisha haupati nafasi ya kulala, kwa sababu ndio unaokulinda. Mambo mapya yanapumzisha pale tu unapojiona salama vya kutosha kuyaacha yakuchukue.

Na hapa nina neno kwa dada zangu. Ni rahisi kumwambia mtu, "Toka, katembee, ufungue masikio." Lakini mwanamke anayepita njia ya kichakani jioni masikio yake yamefunguka tayari, na yamefunguka kwa hofu. Huko si kupumzika. Nenda mchana, nenda na shoga yako, nenda mahali penye watu wa kutosha. Na sisi wengine tujue kwamba njia isiyo salama inawanyima wanawake na watoto zaidi ya njia tu.

Mwingine atasema, "Basi simu yangu ndiyo inayoniita kuliko vyote. Kila ujumbe ni mpya, sijui nani kaandika." Kweli. Simu nayo inacheza na rifleksi ileile ya Pavlov. Tazama tofauti, hata hivyo. Wito wa simu unatoka sehemu moja, kioo kilekile, umbali uleule kutoka machoni, mguso uleule wa kidole. Pua haina kazi, ngozi haina kazi, nyayo hazina kazi. Na ukishaitwa, simu haikuachi, imetengenezwa ikushike. Korongo akipita juu ya paa lako unamtazama, anakwenda zake. Hahitaji umjibu. Hicho kitu cha kukuita na kukuachilia ndicho ninachokitetea leo, na sioni kifaa chochote kinachokifanya vizuri kuliko anga na ardhi.

Sasa kuna pingamizi la tatu, na hili ndilo linalonipa kazi kubwa. Mkulima je? Mchungaji je? Wao wako nje kutwa. Mtu wa Moshi anaamka kila siku Kilimanjaro iko pale, hata haitazami. Si ndiyo mazoea ya Sokolov? Ndiyo, ndiyo. Kukaa nje peke yake hakutoshi. Nje nako kunazoeleka, hasa ukiwa unapita njia ileile saa ileile ukiwaza yaleyale.

Lakini wapo watu wa nje ambao hawajawahi kuuzoea wito, kwa sababu wana mazungumzo nao. Karibu na Ziwa Eyasi, Wahadzabe wanamsikiliza mlembe, yule ndege anayeongoza watu kwenye asali. Ndege anakuja karibu, anapiga kelele, anaruka mti hadi mti akionyesha manyoya meupe ya mkiani, na mtu anaacha shughuli yake anamfuata mpaka kwenye mzinga wa nyuki. Mtu anachukua asali, ndege anaambulia nta inayosalia. Kwa upande wake mtu naye anamwita ndege: Wahadzabe wanampigia mluzi, na Wayao wa Niassa, kule Msumbiji, wanatoa mlio wa kutetemesha midomo unaoishia kwa mguno mfupi. Mwaka 2023 watafiti Claire Spottiswoode na Brian Wood walionyesha katika jarida la Science kwamba mlembe wa kila eneo anaitikia zaidi wito wa watu wa eneo lake. Ukipiga mlio wa Wayao kwa Wahadzabe, ndege hakuchangamkii sawasawa. Kila upande umejifunza kumsikia mwenziwe. Mhadzabe hajui leo mlembe atalia saa ngapi, wala atamwongoza upande gani. Hajui, na ndiyo maana sikio lake haliwezi kulala.

Kwa hiyo kuna kutoka nje, na kuna kutoka nje ukiwa tayari kukatizwa. Narudia tena: tayari kukatizwa.

Kule San Francisco, Virginia Sturm na wenzake walitoa utafiti mwaka 2020 juu ya wazee waliotembea robo saa kila wiki kwa wiki nane. Nusu yao waliambiwa watembee tu. Nusu waliambiwa wachague, kila inapowezekana, mahali wasipopazoea, na watazame kwa macho mageni, waache vitu viwashangaze. Wote walijipiga picha matembezini. Wiki zilipopita, wale wa kundi la pili walizidi kuwa wadogo kwenye picha zao wenyewe: mti umeingia, anga limeingia, uso wa mzee umechukua nafasi ndogo, na tabasamu limepanuka. Hakuna aliyewaambia wajipige hivyo. Mimi naona picha zile zinaeleza kuliko jedwali lolote: ulimwengu umepata nafasi ndani ya fremu.

Basi wewe utafanyaje? Huna haja ya nauli ya kwenda Serengeti. Shuka kituo kimoja kabla ya chako na upite uchochoro usioujua, ikiwa bado kweupe. Toa vile visikilizio masikioni. Ukiwa na mtoto, mwache atangulie, na usimfundishe majina ya miti. Muulize amesikia nini. Utashangaa. Na usiweke orodha ya vitu utakavyoviona, maana ukienda na orodha umeshaanza kujiamrisha tena.

Lakini, msikilizaji wangu, ushauri huu hauna maana kama hakuna pa kwenda. Mwaka 1999 mtetezi wa mazingira wa Kenya, Wangari Maathai, alipigwa na walinzi kwenye msitu wa Karura, Nairobi, kwa sababu alikwenda kupanda mti kwenye ardhi iliyokuwa ikigawiwa wajenzi. Alitoka damu kichwani. Leo msitu ule, wenye hekta elfu moja hivi ndani ya jiji, una njia za kutembea, una maporomoko ya maji, una tumbili wanaokukatiza bila hodi. Watu wa Nairobi wanaotoka humo Jumamosi wamepumzika wanadaiwa na mama yule. Na huku kwetu? Viwanja tulivyochezea utotoni vimegeuka fremu za maduka na maegesho, fukwe zimewekewa ukuta, na mkazi wa mtaa anaambiwa eneo la wazi ni eneo lisilo na kazi. Lina kazi. Ndilo linalomrudishia umakini mtoto aliyekaa darasani kwa saa nane na mama aliyehesabu fedha kutwa.

Kwa hiyo wiki hii nina ombi. Mtaani kwenu kuna eneo gani lililobaki wazi: kiwanja, kijito, ufukwe, miti ya msikiti au kanisa? Nani anapita hapo, na nani anapalinda? Tuandikie, ututajie na mtaa. Barua na jumbe zenu nitazisoma hapa hapa wiki ijayo, na nimemwomba ofisa mipango miji aje kukaa nami studio, ayajibu maswali yenu moja baada ya jingine.